Ukuta wa Konsolata

Konsolata tulimzika Nyakatuntu, nyuma ya migomba ya mumewe, na siku ya kuanua matanga mwanawe mkubwa akaniambia kwamba nyumba ya zamani wanaibomoa. Alinieleza kwa adabu, kama mtu anayeomba ruhusa, ingawa nyumba si yangu na sijawahi kulala humo. "Mama mdogo," akasema, "matofali tumeshachoma na bati lipo. Tulikuwa tunamsubiri mama tu, alikataa katakata iguswe akiwa hai. Ila ule ukuta wa chumbani ni kazi yako. Ukitaka kipande chako, tutakikata vizuri tukuletee nyumbani kwako Kituntu." Nikamshukuru. Dada yake Editha, ambaye ndiye aliyemuuguza Konsolata hadi mwisho, alinishika kiwiko akanipeleka kwenye chumba alicholala mama yake tangu aolewe, akafungua dirisha la mbao, akaniacha nimeketi kitandani nikiutazama ukuta. Watu wanaokuja siku hizi kununua vibao vyangu huniuliza kazi hii nilijifunza wapi. Huwajibu kwa kifupi tu, kwa shangazi yangu, kijijini Chonyonyo, kwa sababu jibu refu lina nyoka ndani yake, na mtu akishasikia nyoka hasikii tena jambo lingine. Lakini pale kitandani hapakuwa na wa kumfupishia, nikaukumbuka mwaka ule wote.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya themanini. Vita vilikuwa vimekwisha, maduka yalikuwa na rafu na vumbi, nguo tulifua kwa majani ya mpapai. Nilikuwa msichana mkubwa, wa kuolewa, naishi kwa Shangazi Felisita katika chumba cha nyuma kilichokuwa nusu cha kulala na nusu cha kazi. Upande mmoja palikuwa na kitanda changu cha fito. Upande wa pili vilipangwa vyungu vya shangazi: cha jivu, cha udongo mweupe, cha udongo mwekundu, na kile cha rangi nyeusi tuliyoipika kwa utomvu wa mshubiri na maganda ya ndizi yaliyochomwa. Chini tulitandika nyasi, kama nyumba zote za huko, na katikati, penye nyasi zilizoondolewa, lilikaa karai la samadi. Nasema samadi kwa kumheshimu msomaji. Sisi tulisema mavi ya ndama bila haya, maana ndama anayenyonya ndiye anayetoa kitu laini kisicho na makapi. Unachanganya na jivu hadi harufu iishe, unavuta ukutani kwa vidole, mstari kwa mstari, vituta vidogo vilivyoinuka na kukunjana pembe kwa pembe. Vikikauka unavisugua kwa jiwe na kuvitia rangi. Wazee wetu walivuka na kazi hiyo mto Kagera wakitoka Rwanda, nasi tunaiita vilevile walivyoiita wao, imigongo. Shangazi alikuwa na vidole vyembamba na vituta vyake vilikuwa vyembamba, na majirani walikwishaanza kusema kwamba vyangu vinafanana na vyake. Nilijivuna sana, na nadhani nilikuwa na haki.

Kwa watu wetu ukuta wa chumba cha bibi harusi hufanywa na mwanamke mmoja wa upande wake, ambaye hajaolewa, peke yake tangu mwanzo hadi mwisho, na kwa mkono wa kulia. Hakuna aliyewahi kunieleza sababu, kama vile hakuna anayekaa kitako kumweleza mtoto kwa nini chakula hakipokelewi kwa kushoto. Ukuta ule ni kitu unachompa mtu, na kinachotolewa hutolewa kwa kulia. Mimi na Konsolata tulikuwa tumeahidiana tangu tulipokuwa tukichota maji pamoja: atakayeolewa kwanza, mwenzake atamfanyia ukuta. Mwaka ule alichumbiwa na kijana wa Nyakatuntu, harusi ikapangwa kiangazi, kahawa ikishaanikwa. Siku ileile nilianza kuuchora ukuta wake kichwani, nikawa natia chumvi kwenye maharage mara mbili kwa kukosa umakini.

Kifutu aliniuma msimu wa mvua, asubuhi, nikikusanya nyasi za kubadilishia chumbani. Nyoka huyo ni mvivu, hakimbii. Anasubiri umkanyage au umshike, nami nilimshika pamoja na nyasi. Wanaume walinifunga mkono kwa kamba ya mgomba wakanipakia kwenye baiskeli, mmoja akisukuma na mwingine akinishikilia nisianguke, hadi hospitali ya misheni. Hospitali yenyewe sina hamu ya kuieleza. Nilikwenda na mkono, nikarudi na kiganja: vidole vinne vya kulia vilikuwa vimekatwa, na kidole gumba kilibaki fundo tu la mfupa pale kilipokuwa kimeota. Daktari aliniambia nina bahati. Nilikuwa nayo kweli, lakini nilimchukia kwa kulisema neno hilo.

Kilichoniumiza kwanza nyumbani hakikuwa kazi, kilikuwa chakula. Ndizi na maharage tulimiminiwa kwenye jani moja la mgomba, sote tukazunguka, kila mtu akala mbele yake. Nami nilikuwa na mkono mmoja tu unaoweza kumega, nao ni ule usiotakiwa kuonekana pale. Hakuna aliyenikataza. Walitazama pembeni tu, na hilo lilikuwa baya zaidi. Shangazi akaniletea kijiko na sahani yangu, nikabeba vyote kwenda kulia chumbani na vyungu. Jirani mmoja aliyekuja kunipa pole akasema, kwa nia njema, "Vumilia mwanangu, sote tupo, kidole kimoja hakivunji chawa." Nikamjibu kwamba mimi hata hicho kimoja sina. Shangazi alicheka mpaka akashika nguzo ya mlango, na ilikuwa mara ya kwanza kumsikia akicheka tangu siku ya nyoka.

Kisha akaja Konsolata. Alinikuta na sahani yangu juu ya kitanda. Hakusema pole wala hakunitazama mkono. Alichukua sahani, akamimina chakula kwenye jani, akaliweka juu ya nyasi katikati yetu, akakaa juu ya mkono wake wa kulia kama mtu anayekalia kuku asikimbie, akaanza kula kwa kushoto. Ndizi ilimponyoka ikaangukia kwenye kanga. Akamega tena, ikamponyoka tena. "Mawe! Mama wee! Huu mkono una usingizi," akasema, na maharage yakimtiririka kidevuni. Nilicheka huku nalia. Shangazi aliingia na maji ya kunawa, akasimama kutuangalia. "Mmoja kaumwa na nyoka," akasema. "Na wewe, Konsolata, umeumwa na nini?" Konsolata akamjibu, "Na njaa, shangazi," akaendelea kula kwa kushoto mpaka jani likaisha.

Lakini kula na mwenzako chumbani ni jambo moja, na ukuta wa harusi ni jambo jingine. Siku chache baadaye mama yake Konsolata, Bernadeta, alikuja kwa shangazi jikoni. Jiko letu lilitengana na chumba changu kwa ukuta wa fito uliokuwa na nafasi za kupitisha moshi, na penye nafasi ya moshi pana nafasi ya maneno pia. "Felisita, waitu, ndugu yangu, mimi simkatai mtoto wako," alisema Bernadeta. "Lakini kule Nyakatuntu tunapeleka binti, hatupeleki maneno. Wakisikia ukuta umefanywa kwa kushoto, siku binti yangu akiharibu mimba watasema nini?"

"Watasema ni ukuta," shangazi akajibu.

"Na wewe utasema nini?"

Nilisubiri kusikia shangazi atasema nini. Nilisikia chungu kikitokota tu. Bernadeta akashusha sauti: "Yuko yule binti wa katekista, Kituntu. Ana mkono mzuri. Tumpe yeye." Shangazi akasema tungoje kahawa ianikwe, halafu tutaona. Nilimkasirikia yeye kuliko Bernadeta. Leo, nikiwa mzee kuliko alivyokuwa yeye wakati ule, naelewa kwamba hakuwa na la kujibu, kwa sababu yeye mwenyewe aliamini hivyohivyo. Na ukweli ni kwamba hata mimi niliamini. Sikutaka wanionee huruma wanipe ukuta wa Konsolata kwa upendeleo. Nilitaka niufanye kama unavyofanywa.

Hata hivyo nilianza na kushoto, maana ndio niliokuwa nao. Nilijifunzia kwenye banda la mbuzi. Mkono wa kushoto unasukuma pale ambapo wa kulia huvuta, kwa hiyo vituta vilipanda mlima, vikaviringana, na vilipokauka vikapasuka na kudondoka. Mbuzi walivilamba kwa sababu ya jivu. Kila asubuhi nilikuta ukuta mtupu na mbuzi wenye midomo ya kijivu wakinitazama. Wanasema mkono mtupu haulambwi, na wangu ulikuwa mtupu kweli, wakabaki kulamba ukuta. Nilirudi chumbani nikavigeuza vyungu vyote vifudifudi, ishara kwamba nimeacha kazi. Shangazi aliviona. Kesho yake nikavikuta vimeinuliwa tena, na kile cha jivu kimejazwa.

Kilichonitoa hapo ni kihenge cha maharage. Kilikuwa kimetobolewa na panya, na shangazi akaniambia nikizibe kabla ya mavuno. Kuziba kihenge ni kazi ya mikono miwili, mmoja ndani ukiegemeza na mwingine nje ukipaka. Niliingiza wa kushoto ndani ili uegemeze, na nje hapakuwa na kitu kingine cha kupakia isipokuwa kile kiganja. Nilikandamiza samadi kwa ubavu wake, nikiwa na hasira, nikitaka kazi iishe. Kovu lilikuwa bado bichi na maumivu yalinipanda hadi begani. Nilipotoa mkono niliona kituta kimoja kinene, cha mviringo juu, laini, kimenyooka. Fundo la mfupa lilikuwa limeacha kishimo kidogo mwishoni mwake. Nikaongeza cha pili, pembe kwa pembe na cha kwanza. Niliendelea hadi nikakizunguka kihenge chote, matundu nikayasahau, na shangazi alipokuja akakuta kihenge kina mapambo na panya bado wana mlango.

"Hivi ni vya nani?" akauliza.

"Vyangu."

Akapitisha kidole juu yake, taratibu, kama alivyopitisha juu ya vya kila mtu. "Vimenenepa," akasema. Kisha akauliza kwa mkono upi. Nikauinua wa kulia, wenye samadi hadi kwenye kifundo. Jioni aliniletea samli ya kupaka kwenye kovu, na akanipakia mwenyewe.

Kilichofuata kilikuwa kazi tu, na kazi ya kukosea, kwenye ukuta wa nje wa banda la mbuzi, wasikofika kulamba. Kituta kinene hukauka nje kabla ya ndani, kisha kinapasuka. Shangazi akanifundisha kukijenga kwa tabaka, la chini likauke kwanza, la juu liongezwe jivu. Mistari myembamba ya zamani ilikuwa imekwenda na vidole, kwa hiyo nilijifunza kuchora michache, mipana, na kuacha nafasi kati yake. Nilipoacha kuililia ile ya zamani, nikaanza kuiona hii. Rangi nilitia kwa bua la mtama lililopondwa ncha, shangazi akinifungia kwenye mkono kwa ukamba wa mgomba. Wa kushoto niliupa kazi ya kushika bakuli. Kahawa ilipoanza kuanikwa uani, Bernadeta alikuja, akalizunguka banda la mbuzi lote akiwa ameshika kiuno. Konsolata alikuwa nyuma yake, akinikonyeza. "Mimi sina neno," Bernadeta akasema mwishoni. "Mwenye nyumba ni mama mkwe. Nyakatuntu ndio wataamua."

Tulikwenda Nyakatuntu mimi na shangazi, na karai la samadi ya nyumbani kichwani kwake. Mama mkwe mtarajiwa alikuwa Bibi Koleta, mwembamba, mrefu, mwenye kuvuta kiko. Alitupokea uani. Nilipiga goti nikamwamkia shikamoo, naye akanyoosha mkono kama desturi. Sikuwa nimempa mtu mkono tangu hospitali. Nilimpa kile kiganja. Alikishika, akakigeuza juu na chini, akakishika kwa muda mrefu kuliko salamu. "Huu ni wa kulia?" akauliza. Nikasema ndio. "Marahaba," akasema. "Ingia, ukuta uko ndani. Lakini wa kushoto ukigusa, unaanza upya." Akachukua kigoda akaketi mlangoni na kiko chake, na shangazi akaambiwa akae uani, kwa kuwa kazi ni ya mtu mmoja.

Nilifanya kazi akinitazama mgongoni. Chumba kilikuwa hiki hiki nilichokaa wiki iliyopita, bila kitanda, kikinukia udongo mpya. Nilikuwa nimekaribia kumaliza tabaka la chini, nikiwa juu ya kinu kilichogeuzwa ili nifikie karibu na dari, kinu kikayumba. Mwili haukumbuki desturi. Wa kushoto uliliacha bakuli, ukashika ukuta, na vidole vyote vitano vikazama kwenye samadi mbichi. Nilibaki nimesimama hivyo, nikiutazama. Nyuma yangu nilisikia kiko kikigongwa kwenye kigoda kumwaga majivu. "Kwangua," Bibi Koleta akasema.

Nilikwangua ukuta mzima kwa kipande cha kibuyu. Nilikuwa na hasira hadi meno yaliuma, na kovu lilikuwa limeanza kutoa damu. Nilipomaliza nilimgeukia na kusahau adabu yote. "Bibi, si ungejifanya hujaona!" Kisha akainuka, akaenda uani, akarudi na kikombe cha juisi ya ndizi, na kwa sababu mikono yangu yote ilikuwa na samadi, alinishikia kikombe mdomoni nikanywa kama mtoto. "Ningejifanya sijaona," akasema, "lakini wewe ungejua. Kila ungekuja kumsalimia mwenzako, macho yako yangetafuta mahali pale. Ungekuwa huji kumwona yeye, unakuja kuona kosa lako." Akaniambia nilale, nianze asubuhi. Nilianza asubuhi, na ukuta wa pili ulitoka mzuri kuliko ule wa kwanza, kwa sababu mkono ulikuwa umeshapita njia hiyo. Sikumwambia hivyo, na naona nilipaswa kumwambia.

Siku ya harusi Konsolata alinivuta chumbani kabla ya watu kuingia. Aliuangalia ukuta, mweusi na mweupe na mwekundu, vituta vinene vikishuka kutoka dirishani hadi chini. "Mbona vinene hivi?" akasema. "Nitalala na ng'ombe mzima ukutani." Nikamwambia atazoea. Akaniegemea begani, akalia kidogo, akajifuta, akatoka kwenda kuolewa. Kazi yangu yote ya baadaye, vibao, kuta za makanisa, wasichana ninaowafundisha, ilitoka kwenye ukuta ule.

Haya yote niliyakumbuka nimeketi kitandani kwake, mpaka Editha alipoingia na chai ya maziwa. Nilikuwa nimeanza kusumbuliwa na jambo moja. Samadi haikai ukutani miaka yote hiyo. Mchwa huila, mvua huilowesha, watoto huibandua. Vibao vyangu vya miaka ile vimekwisha vyote. Nikamuuliza Editha nani alikuwa akiukarabati.

"Mama," akasema. "Kila kiangazi. Sisi hatukuruhusiwa."

"Mama yako hakujua kazi hii."

"Alijifunza kwenye ukuta huuhuu, mama mdogo. Alikuwa anafanya hivi." Akaweka kikombe chini, akakunja vidole vinne vya mkono wake wa kulia ndani ya kiganja, akakikunja na kidole gumba, likabaki nje fundo lake tu, na mkono wa kushoto akauweka mgongoni. Akakandamiza hewani kwa ubavu wa ngumi. "Tulikuwa tunamcheka. Tunamwambia, mama, vidole unavyo, si uvitumie. Anasema ukuta huu haujui vidole."

Nilisimama nikausogelea ukuta. Ninaujua mkono wangu. Kile kishimo cha fundo la mfupa ni changu, hakuna mwingine anayekiacha. Nilianzia dirishani nikashuka hadi kwenye miguu ya kitanda, kituta kwa kituta, nikivipapasa kwa kile kiganja, na kila kimoja kilikuwa na kishimo mwishoni. Kaburini sikuwa nimelia. Nililia pale, nimepiga magoti, na Editha akanishika mabega. Nilipotoka uani mwana mkubwa wa Konsolata alikuwa anasubiri na msumeno wake. Akaniuliza kipande changu ni kipi, wakikate. Nikamwambia ukweli, kwamba sijui.